Watani wa Kitambaani

Gari la moshi lilipofika Dodoma, watani wetu waliacha kupita kwa miguu. Watu wakisimulia habari za reli husema tu ilichokileta: ilileta chumvi, ilileta mabati, ilileta Mhindi na duka lake. Sawa, ilileta. Lakini ilichukua pia, na hilo silisikii likisemwa. Ilituchukulia Wanyamwezi.

Kabla Wajerumani hawajalaza vyuma vyao, Wanyamwezi walikuwa wakikatiza nchi yetu na mizigo begani, wakienda pwani na wakirudi. Sisi Wagogo tulikuwa na visima, wao walikuwa na kiu, na wazee wetu waliwatoza hongo, ushuru wa njia na maji, mpaka wakakoma. Ukatoka ugomvi, na ugomvi ulipochoka ukawa utani. Ukikutana na Mnyamwezi njiani unamwita punda wa pwani, naye anakuita mla hongo, mnacheka, mnagawana tumbaku, kila mtu anashika njia yake.

Na mtu akifa kwetu, Mnyamwezi yeyote aliye karibu anajua ana kazi. Anajipaka unga au majivu usoni, anavaa nguo mbele nyuma, anaingia msibani bila hodi. Anamwigiza marehemu alivyotembea, alivyokohoa, alivyoficha nyama wageni wakija. Anajilaza kaburini na kusema hatoki mpaka apewe kuku. Wafiwa wanalia na kucheka kwa pamoja, hata hujui lipi ni lipi. Mtani akishapewa kuku wake akaondoka, watu wananyoa nywele, wanakula, wanarudi shambani. Ndivyo msiba ulivyokuwa ukiisha kwetu. Kaka yangu alikufa wakati ambao Wanyamwezi walikuwa wanapita wakiwa wamekaa.

Kaka yangu alikuwa na mchezo mmoja tu, wa kuanguka. Wengine huimba, wengine hupiga zeze, yeye alianguka. Alikuwa mrefu, miguu yote magoti, na angeweza kuanguka popote: zizini, kisimani, mbele ya mkwewe mtarajiwa. Alianguka kwa mgongo, miguu juu, halafu akanyamaza kidogo ili watu washtuke, kisha akauliza kwa sauti ya mtu aliyeamshwa usingizini, "Nani ameniita huku chini?" Basi, hapo watu hoi. Mama alikuwa akimsonya kila mara, na kila mara alikuwa akigeuza uso ili asionekane akicheka.

Vijana wa siku zile walizua shindano la kukimbizana na gari la moshi. Likitoka stesheni linakwenda polepole, linahema kama ng'ombe mzee, na kijana mwenye miguu anaweza kulitangulia kipande kizuri. Abiria walijazana madirishani kushangilia. Kaka hakutaka kushinda. Alikimbia mpaka anakaribia kushinda, halafu anajiangusha pembeni, na behewa zima linaangua kicheko. Wenzake walikasirika kwamba wao ndio wanaoshinda na yeye ndiye anayeshangiliwa.

Siku ile nilikuwa nimekwenda stesheni kuuza maziwa. Nilimwona akikimbia, nikamwona akianguka. Watu wakacheka, nami nikacheka, kwa nini nisicheke, tulimzoea. Gari likapita. Tukangoja aseme lile neno lake. Aliyekuwa karibu naye akamwambia, "Haya bwana, amka, gari limekwenda." Kichwa chake kilikuwa kimepiga ncha ya chuma kilichoachwa kando ya njia. Nakumbuka kibuyu cha maziwa kilikuwa bado kichwani mwangu, na nilikwenda kumtazama nikiwa nacho vilevile, wala sikumwaga.

Sikulia. Naona afadhali niliseme hapa mapema. Sikulia alipobebwa, sikulia alipozikwa, na wanawake walipoangua kilio nami nilifungua mdomo pamoja nao, hakuna kilichotoka. Ilikuwa ganzi. Umewahi kukalia mguu mpaka ukaushika ukadhani umeshika mguu wa mtu mwingine? Mimi nilikuwa hivyo mwili mzima. Nilichota maji, nikasaga uwele, nikakamua, nikauza. Watu walinisifu kwamba nina moyo.

Mama ndiye aliyenipa kazi. Aliketi juu ya ngozi kwenye kona ya tembe yetu, kule kijijini Kikuyu, na hakutoka. Baba alikwisha kufa zamani, tulibaki sisi wawili. Nywele zake ziliota zikawa kichaka. Nikimpelekea ugali anaukatakata kwa vidole, anaurudisha. Uji alikunywa kidogo, kama anayeonja chumvi. Majirani walikuja kumshauri, na majirani unawajua, hawaji mikono mitupu, wanakuja na methali. Mmoja alisimama mlangoni akasema, "Msiba wa kujitakia hauna kilio." Ala! Mtu mzima na akili zake. Nilimwambia atoke, na alipochelewa kutoka nilimmwagia maji ya kuoshea vyungu. Hata hasira ile sikuihisi, niliifanya tu kwa kuwa ilistahili kufanywa.

"Mama, nyoa basi," nilimwambia. "Ule. Utakufa."

"Watani hawajaja," akajibu.

"Watani gani, mama? Wanyamwezi wanapita na gari. Hawashuki."

"Basi nitawangoja."

Nilikwenda kuwatafuta. Wanyamwezi waliokuwa wakilaza reli walikwisha kusogea nayo kuelekea kwao, kila siku mbali zaidi. Nilisimama stesheni gari likija, nikapaza sauti madirishani, "Kuna Mnyamwezi humo? Tuna msiba!" Walikuwapo. Mmoja alinipungia mkono akaniita mla hongo kwa furaha kabisa, nami nikamwita punda kama ilivyo desturi, na gari likamchukua. Kuna mtani gani wa kushuka, akaigiza maiti, akadai kuku, na huku tikiti yake inakwenda? Nikarudi nyumbani na maziwa yasiyouzwa. Mama alikuwa amekonda hata bangili zake zikawa zinateremka mpaka kwenye vidole. Nilijua ninaloliangalia. Nilikuwa namwangalia mtu anayekufa taratibu, na nilikuwa nafagia.

Sasa, kulikuwa na mfanyabiashara mmoja wa Kondoa, Mrangi, mtu wa swala tano na maneno elfu, aliyekuwa akinunua maziwa yangu. Kiswahili changu chote nilikipata kwake na pale stesheni. Asubuhi moja aliniambia kwamba kuna Mhindi ameshuka na gari kutoka pwani, ana mtambo wa kutoa picha zinazokwenda, na bomani wamemruhusu kuzionyesha ndani ya banda la mizigo, watu wote waingie bure.

"Wallahi binti, nimeona kwa macho yangu," alisema. "Wazungu wanashindana mbio. Wamejipaka unga usoni, weupe pepepe, macho meusi. Wanaanguka, wanaamka, wanaanguka. Na hawatoi sauti hata kidogo!"

Nilirudi nyumbani nikamsimulia mama, kwa Kigogo chetu, ili tu nyumba isiwe kimya. Sikuwa na nia yoyote. Nilisema kuna watu stesheni wamejipaka unga usoni, wanaanguka na kuamka. Nadhani neno Wazungu nililisahau, au nililiona halina haja.

Mama akainua kichwa. "Wamejipaka unga?"

"Ndivyo alivyosema."

"Wanaanguka?"

"Mama, ni picha."

Neno picha kwa Kigogo cha siku zile halikuwapo. Nilisema kitu kama kivuli, na vivuli vya wafu kwetu si jambo la kushangaza. Mama akashika ukuta, akasimama. Magoti yalimlia. Akaniambia nikamate kuku mwekundu.

"Wa nini?"

"Wewe mtoto, umewahi kuona mtani akaondoka mikono mitupu?"

Ningemwambia ukweli, angerudi kwenye ngozi. Nikamkamata kuku, nikamfunga miguu. Tulikwenda polepole, tukipumzika kila kwenye kivuli, naye ananiegemea na hana hata uzito wa kuhisi. Mgeni njoo mwenyeji apone, nilikuwa nikirudia kimoyomoyo, bila kuamini kwamba kuna mgeni.

Banda lilikuwa la bati, mchana wa jua kali, milango imefungwa na mianya imezibwa kwa magunia ili kuwe na giza. Ndani mlikuwa kama kwenye chungu kilichofunikwa. Watu wa stesheni, askari, wake za askari, wachuuzi, wachungaji na fimbo zao, wote wamebanana wakitoa jasho. Ukutani walitundika kitambaa cheupe. Nyuma yetu Mhindi alikuwa amesimama na sanduku lake lenye taa kali, anazungusha mkono wa chuma kama mwanamke anayekoroga ugali wa watu wengi.

Kitambaa kikawaka. Nami nikaona.

Wanaume wenye masharubu, wamevaa suruali fupi, wamejipanga mstarini. Nyuso nyeupe kwelikweli, si za rangi ya Mzungu niliyemwona bomani, aliyekuwa mwekundu kama udongo wa kichuguu. Hawa walikuwa wamepakwa. Mtu akapunga kitambaa, wakatimua mbio. Mnene akakanyaga ndoo, ndoo ikamganda mguuni, akakimbia nayo. Polisi akajitokeza kuwazuia, wakampitia juu. Wakapita penye nguo zilizoanikwa, mmoja akatoka upande wa pili amevaa gauni la mtu. Mpira ukatoka sijui wapi ukampiga mnene kisogoni. Watu bandani walikuwa hoi. Mchungaji aliyekuwa mbele yangu alikaa chini kwa kucheka.

Na alikuwapo mmoja mrefu. Miguu yote magoti. Aliwatangulia wenzake, akakaribia kabisa utepe wa mwisho, akateleza, akaanguka kwa mgongo, miguu juu. Akalala.

Mama alinishika mkono. Kucha zake ziliingia. Nililiona hilo baadaye, kwa alama.

Yule mrefu akafumbua jicho moja. Akakaa kitako katikati ya njia, wenzake wanamruka. Akautazama umati wa kule kwao na mdomo wake ukatikisika. Alisema neno, na neno halikusikika, maana picha zile hazikuwa na sauti.

"Amesema!" mama akapiga kelele. "Umemsikia? Amesema nani ameniita huku chini!"

Na akacheka. Mama yangu, ambaye sauti yake ilikuwa imekwisha, alicheka mpaka watu waligeuka kutoka kwenye kitambaa wakamtazama. Kisha akaninyang'anya kuku, akajipenyeza kati ya watu, akaenda mpaka mbele. Kivuli chake kikaingia kitambaani, kikubwa, na nywele zake zile kichaka, katikati ya wale Wazungu wanaokimbia, na walikuwa wakimpita mwilini bila kumgonga.

"Wee bibi! Kaa chini!" askari akafoka.

"Mmefanya kazi yenu," mama aliwaambia watu wa kitambaani, bila kumjali. "Mmechelewa, lakini mmekuja. Chukueni kuku wenu, mwende. Mtuache sasa." Akamtua kuku chini. Kuku akapapatika, kamba ikafunguka, akarukia kitambaa. Banda zima likapasuka kwa kicheko. Mhindi alicheka huku anazungusha. Askari mwenyewe alicheka.

Mimi nilisimama. Siku ile niliyajua mambo mawili ambayo mama hakuyajua. Kwanza kwamba Wazungu hawana utani nasi. Pili, watu walipokuwa wakitoka nilimsogelea Mhindi nikamuuliza wale watu wako wapi. Akaniambia, "Ulaya huko, binti. Walicheza siku nyingi zilizopita. Pengine wengine wamekufa." Akanirudishia kuku wetu, mtu mwema. Nilimwambia akae naye, kuku aliyekwisha kulipwa kwa mtani hawezi kurudi nyumbani.

Jioni ile mama alitaka wembe. Nilimnyoa nje ya mlango, na kichwa chake kilitoka kidogo kama cha mtoto. Akaoga. Akala ugali na mlenda, akaomba uongezwe, akalaumu kwamba sikusaga vizuri. Nilikaa namwangalia anavyotafuna. Alikuwa amepona, wala sikuwa na shaka, na furaha yangu nilijua iko mahali fulani, ila sikuipata.

"Na wewe," akasema akilamba kidole, "ulicheka?"

"Nilicheka, mama."

"Mwongo," akasema. "Basi wale walikuwa wangu. Wako bado hawajaja."

Tangu hapo ikawa zamu yake. Kila gari lilipokuja, mama alikuwa stesheni. Mimi na maziwa yangu upande huu, yeye upande ule anatembea chini ya madirisha na kuuliza kama kuna Mnyamwezi wa kushuka kidogo, ana binti hajacheka wala hajalia. Alilieleza jambo langu kwa watu wote, kwa Kigogo na kwa Kiswahili kibovu, huku ananionyesha kwa kidole! Lo, niliona aibu, au nilijua kwamba hapo ndipo mtu huona aibu. Nilimwambia aache. Akasema, "Ulinitafutia wangu, sikukukataza." Wasafiri walimcheka, wengine walimrushia utani wa mdomo tu, na gari likaondoka. Mwenye picha hakurudi tena. Nilisikia alikwenda mbele na reli.

Siku moja kwenye behewa la mwisho alikuwapo mzee wa Kinyamwezi mwenye sauti. Alimsikiliza mama mpaka mwisho, akauliza marehemu alikuwa mtu wa namna gani. Mama akaanza kumweleza. Gari likaanza kwenda. Mama akaenda nalo, mkono kwenye ubao wa behewa, anaeleza. Gari likaongeza, mama akaongeza. Mwanamke mzima, kitambaa kimemwanguka kichwani, anakimbizana na gari la moshi ili amalize kusimulia habari za mwanawe. Mahali ni palepale.

Nikasema, "Mama." Sauti haikutoka. Nikasema tena.

Akaanguka.

Safari hii hakuna aliyecheka. Watu wa stesheni walikumbuka. Gari likapita lote, mzee yule akiwa ametoa nusu ya mwili dirishani na mikono kichwani. Upande ule ndipo walipokuwa wakimwaga majivu ya kuni za gari, lundo kubwa, na mama alikuwa amelala humo kwa mgongo, miguu juu. Hatikisiki. Nilikimbia. Kibuyu kilivunjika, nilisikia maziwa yakinimwagikia miguuni, ya uvuguvugu, na hilo lilikuwa la kwanza kulihisi baada ya muda ambao sitaki kuuhesabu.

Nilipiga magoti majivuni. Uso wake ulikuwa mweupe wote, pua, nyusi, midomo, macho tu ndiyo meusi. Mama hana utani na mwanawe. Hilo kwetu halipo, halijawahi kuwapo, na mtu akilifanya wazee humtoza faini. Alifumbua jicho moja.

"Nani," akasema, kwa sauti ya mtu aliyeamshwa usingizini, "nani ameniita huku chini?"

Mpaka leo sijui kama aliteleza. Nilimwuliza mara nyingi mpaka alipokufa, na kila mara alisonya akageuza uso. Pale majivuni nilimkamata mabega nikamtikisa, nikamtukana, nikamwita majina ambayo mtoto hamwiti mzazi, kisha nikasikia sauti inatoka, sikujua ni ya nani, ni kicheko au ni nini. Ilikuwa ni mimi nalia. Iliuma kote, mikono, kifua, meno, kama mguu uliokufa ganzi unapoanza kurudi. Mama aliniacha nilie, ameketi katika majivu yake, na nilipopunguza sauti akanyoosha kiganja mbele yangu.

"Kuku wangu," akasema.